Mzigo na Furushi

Mgeni akifika kwetu, tunajua la kumfanyia. Wahenga walikwisha kutupa utaratibu: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Tunampa maji na chakula, kisha tunampa kipande cha ardhi na kazi, na baada ya miaka mingi pengine tunampa hata uraia. Methali hii ni nzuri, lakini haisemi neno juu ya kitu kimoja ambacho mgeni huja nacho bila kukitangaza mlangoni. Huja na kumbukumbu. Anakumbuka mto, kilima, kaburi la baba yake, jina la kijiji, na mara nyingi anakumbuka usiku aliokimbia. Jembe atalipokea kwa mikono miwili. Kumbukumbu ile aifanyeje? Aizike? Aishike peke yake mpaka kufa? Akitukabidhi sisi, tuna haki gani juu yake?

Nataka tulitafakari swali hilo kwa imani, kwa sababu kwetu Ufipa si swali la wasomi peke yao.

Ukiuliza wazee habari za nchi hii, hutapata hadithi ya watu waliokaa mahali pamoja tangu uumbaji. Wilaya yetu ya Nkasi imechukua jina la utawala wa kale wa Nkansi. Simulizi ya Wafipa inasema kwamba mfalme wa kwanza, aliyekaa Milansi, alianguka kutoka mbinguni, kisha wakaja wanawake wageni wa ukoo wa Watwa, wakamkuta hayupo, wakatwaa kiti. Kwa maneno mengine, ufalme wenyewe ulianza na wageni, na wenyeji hawakulificha jambo hilo; waliliweka katikati ya hadithi yao. Katikati ya karne ya 19 wakafika Wangoni, watu waliosafiri kwa miaka kutoka kusini kabisa mwa Afrika, na kiongozi wao Zwangendaba akafia hapa Ufipa. Baadaye wakaja wafugaji Wasukuma na ng'ombe wao. Katika miaka ya 1990 vita vya Kongo vikawavusha watu Ziwa Tanganyika. Anayesema hapa kwamba yeye ni mwenyeji, na aseme kwa upole.

Wageni ninaotaka kuwazungumzia zaidi, hata hivyo, ni wale waliokimbia Burundi kwa sababu ya mauaji ya mwaka 1972. Serikali yetu iliwapa ardhi katika makazi matatu makubwa: Ulyankulu kule Tabora, Katumba kuanzia mwaka 1973, na Mishamo kuanzia mwaka 1978. Katumba na Mishamo zilikuwa ndani ya Mkoa wa Rukwa mpaka Mkoa wa Katavi ulipoanzishwa mwaka 2012. Kanisa letu halikuwa mbali na kazi hiyo. TCRS, shirika la kuhudumia wakimbizi lililoanza mwaka 1964 chini ya Fungamano la Makanisa ya Kilutheri Duniani, lilisaidia kupasua barabara, kuchimba visima na kujenga shule na zahanati katika misitu ile. Watu wale wakalima, wakajilisha, wakauza na ziada. Jembe la siku ya tatu lilitolewa, nalo lilifanya kazi.

Hatimaye ukaja uraia. Wengi walichagua kubaki Tanzania kuliko kurudi, na serikali ikakubali maombi ya watu zaidi ya 162,000. Kulikuwa kwanza na mpango wa kuwatawanya mikoani kabla ya kuwapa vyeti. Mpango huo ukasitishwa, na mwaka 2014 wakaanza kupewa vyeti vyao. Sijui nchi nyingi zilizotenda jambo kubwa namna hiyo kwa wakimbizi, na ni haki tumshukuru Mungu kwa ajili yake.

Lakini sikilizeni neno moja la sheria. Ili mtu awe raia wa Tanzania alipaswa kwanza kuukana uraia wa Burundi. Kukana. Msomaji wa Injili akilisikia neno hilo, moja kwa moja anamwona Petro uani, jogoo akikaribia kuwika. Mwanasheria atatuambia kwamba mtu anakana uraia tu, hakani wazazi wake. Ni kweli. Lakini moyo wa mwanadamu hausomi sheria kwa makini namna hiyo. Nimezungumza na watu ambao tangu siku walipotia sahihi wanadhani hawaruhusiwi tena kutaja mahali walipozaliwa. Wameacha kuwafundisha watoto Kirundi. Wakiulizwa kwao ni wapi, wanasema "Mpanda", kisha wanabadilisha mazungumzo.

Mwanaanthropolojia Liisa Malkki alikaa na wakimbizi hawa miaka ya 1985 na 1986, na mwaka 1995 akachapisha kitabu juu yao. Aliona njia mbili. Waliokaa pamoja Mishamo walikuwa wameishika kumbukumbu yao kama ngome: kila mmoja alisimulia historia ileile, safi, yenye watu wema upande mmoja na waovu upande wa pili. Waliokaa mjini Kigoma walifanya kinyume: walijichanganya, wakaoa, wakafanya biashara, wakabadilisha majina pale ilipofaa, wala hawakutaka kuitwa wakimbizi. Wa kwanza waliilinda kumbukumbu kwa kuifungia ndani, na wa pili walijilinda wenyewe kwa kuificha.

Sitaki kumhukumu yeyote kati yao. Kitanda usichokilalia huwajui kunguni wake. Lakini kama mchungaji ninaona hatari katika njia zote mbili. Kumbukumbu iliyofungiwa ndani huchacha kama pombe, na katika nchi zetu za Maziwa Makuu tumeona watoto wakirithishwa ghadhabu ya vita ambavyo hawakuviona. Nayo kumbukumbu iliyofichwa haifi. Hurudi usiku, au humtoka mzee katika homa yake ya mwisho kwa lugha ambayo wajukuu hawaielewi. Je, ipo njia ya tatu?

Mtu mmoja aliyenisaidia kuliona jibu ni msanii wa Tanzania, Everlyn Nicodemus. Alizaliwa mwaka 1954 Marangu, Kilimanjaro, mahali tunapopajua Walutheri kwa sababu ya mkutano wa makanisa yetu ya Afrika uliofanyika pale mwaka 1955. Mwaka 1973, mwaka uleule Katumba ilipofunguliwa, yeye alihamia Sweden. Hakukimbia mauaji, na hatupaswi kuifananisha safari yake na ile ya mtu aliyekimbia na mtoto mgongoni. Lakini alionja kuwa mtu anayetazamwa kila anapopita, anayeulizwa anatoka wapi kabla hajaulizwa jina lake. Alisoma anthropolojia ya jamii katika Chuo Kikuu cha Stockholm, elimu ya kuwachunguza watu, kisha akageukia kuchora na kuandika. Maonyesho yake ya kwanza yalifanyika mwaka 1980 katika Makumbusho ya Taifa, Dar es Salaam. Mwaka 1982 alijichora mwenyewe, na katika picha ile nyuso kadhaa zinaingiliana, kana kwamba anasema: msiniulize mimi ni yupi kati ya hawa. Picha hiyo sasa iko National Portrait Gallery, London. Mwaka 2004 akatengeneza kazi ya kitambaa yenye urefu wa mita 16 juu ya mauaji ya halaiki duniani, na mwaka 2024 kazi za maisha yake zikaonyeshwa katika jumba kubwa la sanaa la Edinburgh, mji anakoishi.

Kazi ninayotaka tuitazame ni ile aliyoifanya kati ya mwaka 1984 na 1986 kwa jina la "Mwanamke Ulimwenguni". Alikaa na makundi ya wanawake katika nchi tatu: Denmark, katika mji wa Skive, Tanzania, na India, katika mji wa Calcutta. Wanawake wale walikutana naye wakazungumza juu ya maisha yao: kuzaa, kuolewa, kupigwa, kufiwa, kutumaini. Baada ya kuwasikiliza ndipo alipochora. Hakuanza na brashi. Alianza na sikio. Wala hakusimama nje ya duara na daftari la mtafiti. Aliingia kama mwanamke mmoja mwenye mambo yake, aliyekuwa tayari kusema na yeye pia. Mwanamke wa Skive na mwanamke wa Tanzania hawakujuana, lakini wote waliingia katika kazi moja.

Hapo msomaji mwenye akili atauliza swali gumu, na ni haki aulize. Kazi ile leo inajulikana kwa jina la mtu mmoja. Wanawake waliotoa simulizi wako wapi? Je, msanii hakuchuma katika shamba la wengine? Swali hilo halimhusu msanii peke yake. Linatuhusu wachungaji zaidi. Kila juma watu hutueleza mambo mazito, na kila Jumapili tunapanda mimbarini. Ni rahisi sana machozi ya mtu ya Jumanne kuwa mfano mzuri wa mahubiri ya Jumapili. Linawahusu pia waandishi, mashirika yanayopiga picha za wakimbizi ili yapate fedha, na jirani anayesimulia sokoni alichoambiwa jikoni. Kubeba kumbukumbu ya mwenzako ni jambo moja, na kuitwaa ni jambo lingine. Mpaka kati ya mambo hayo mawili uko wapi?

Mpaka huo niliuona vizuri zaidi msibani kuliko vitabuni. Miaka michache iliyopita tulimzika hapa Namanyere mama mmoja mzee, aliyekulia Burundi, akaishi Katumba, kisha akamfuata mwanawe huku. Jioni kabla ya maziko familia ilikaa kuandika wasifu wa marehemu. Mwanawe mkubwa alisema iandikwe kwamba alizaliwa Mpanda. Hakuwa mtu mwongo. Alikuwa baba aliyekuwa akiwalinda watoto wake. "Mchungaji," aliniambia, "nikisoma neno Burundi mbele ya watu, kesho wanangu wataitwa wakimbizi shuleni." Mdogo wa marehemu, aliyesafiri kutoka Katumba, akakataa. "Mwanangu, dada yangu hakudondoka kutoka mawinguni. Alizaliwa na mama, na mama yetu ana kwao." Kijana akainama akasema, "Mama mdogo, wewe utarudi Katumba. Sisi tunabaki hapa."

Tazameni jinsi amri ya nane ilivyowagawa watu wema wawili. Katekisimo Ndogo ya Luther inatufundisha kwamba kutomshuhudia jirani uongo si kuacha uongo tu. Ni pia kumtetea, kumnenea mema, na kutomsaliti. Mama mdogo alisimama upande wa kutosema uongo, na kijana upande wa kutowasaliti watoto. Wote wawili walikuwa na amri ileile mkononi.

Aliyefungua njia alikuwa jirani, bibi wa Kifipa aliyelima maharage pamoja na marehemu kwa miaka mingi. Aliomba ruhusa ya kusema. Kumbe yeye alilijua jina la kilima alikozaliwa marehemu, na jina la mto, na majina ya watoto wawili waliofia njiani mwaka 1972, ambao hata mwanawe mkubwa hakuwa amewahi kuambiwa habari zao. Shambani, wakipumzika, marehemu alimwambia. Nyumbani alinyamaza ili wanawe walale usingizi, na mzigo ule aliutua mara mojamoja kwenye mapaja ya mtu asiyekuwa wa kabila lake.

Basi wakaandika pamoja: mwana, mama mdogo, jirani, na mjukuu mwenye mwandiko mzuri. Kila sentensi ilijadiliwa. Mwishowe ilisomeka kwamba alizaliwa Burundi, kwamba aliingia nchi hii mwaka 1972, kwamba alilima na kulea, na kwamba amekufa akiwa Mtanzania na Mkristo. Nilipouliza kuhusu majina ya wale watoto wawili, bibi yule alitikisa kichwa. "Hayo aliniambia mimi. Hakuniambia nimwambie kanisa." Hayakusomwa. Mwana aliambiwa pembeni, usiku ule, na jirani huyo peke yake. Siku ya maziko wasifu ulisomwa, na waombolezaji walisikiliza kwa utulivu. Sikuahidi kwamba hakuna mtoto atakayetaniwa shuleni, na sidhani kama yupo anayeweza kuahidi hilo. Lakini kijana aliposoma neno Burundi, hakulisoma peke yake. Majirani walikuwa wamekaa pande zake zote mbili.

Sasa turudi kwenye Maandiko. Katika Wagalatia sura ya 6 Paulo anaandika mambo mawili ambayo huonekana kupingana. Katika aya ya 2 anatuagiza tuchukuliane mizigo, na katika aya ya 5 anasema kila mtu atalichukua furushi lake. Wafasiri wa Biblia yetu ya Kiswahili walifanya vema kutumia maneno mawili, kwa maana Kigiriki nacho kina maneno mawili. Mzigo ni ule unaomlemea mtu, ambao akiachiwa peke yake utamvunja mgongo. Furushi ni kile ambacho mtu amejifungia mwenyewe kwa kamba zake. Aliyewahi kukimbia anajua tofauti hiyo. Mtu akikutana nawe njiani akakusaidia kubeba gunia la mahindi, unamshukuru. Akikunyang'anya furushi la nguo zako akalifungua ili aone lina nini, huyo hakusaidii, hata akisema anakusaidia.

Huo ndio mpaka tuliokuwa tukiutafuta. Uchungu wa kumbukumbu ni mzigo, na ni wajibu wetu kuubeba pamoja. Anayemwacha mwenzake akumbuke peke yake amemnyima upendo wa Kristo. Bali kumbukumbu yenyewe, na majina yake na siri zake, ni furushi. Mwenyewe ndiye anayejua afungue nini, mbele ya nani, na lini. Kwa kipimo hicho naweza kuipima kazi ya msanii, mahubiri ya mchungaji, na taarifa ya shirika. Je, mwenye simulizi alikuwepo meza ilipoandaliwa, au aliletwa tu kama chakula? Je, msikilizaji naye aliweka kitu chake mezani? Na je, baada ya kazi kukamilika, mzigo wa msimulizi umepungua, au limepungua furushi lake tu? Everlyn Nicodemus aliketi katika duara kabla ya kushika brashi, na hilo ni jambo kubwa. Kama duara lile lilitosha, hiyo ni haki ya wanawake wale kusema, si yangu.

Wapo watakaosema ni heri kusahau kabisa, kwa sababu kumbukumbu huzaa kisasi. Nawaelewa. Lakini Bwana wetu alipofufuka hakuja na mwili usio na makovu. Mwili ulikuwa mpya kabisa, na alama za misumari zilikuwepo. Aliwaonyesha wanafunzi, akamwalika Tomaso, tena bila kutaja majina ya waliopiga nyundo na bila kudai kisasi. Upya wa Mungu hauhitaji kukana kilichopita. Ikiwa Bwana aliingia katika uzima mpya na makovu yake, raia mpya anaweza kuingia katika nchi mpya na ya kwake.

Kitabu cha Mungu kinachoagiza jambo hili sisi Waswahili tumekiita Kumbukumbu la Torati. Katika sura ya 26 mkulima wa Israeli anaamriwa kuleta mazao ya kwanza katika kikapu. Akifika mbele ya kuhani hasemi kwanza habari za mvua wala mbolea. Anakiri kwamba baba yake alikuwa mtu wa kutangatanga, kwamba walishuka Misri wachache, wakateswa, wakatolewa. Mtu huyu ana shamba na nyumba, tena ni raia, na bado Mungu anamtaka ataje ukimbizi wa baba zake huku kikapu kikiwa mkononi. Kisha anaagizwa afurahi pamoja na Mlawi na mgeni aliye kwake. Kumbukumbu inatajwa mgeni akiwa mezani, na kwa sababu hiyo haigeuki kuwa silaha.

Sharika zetu zina sikukuu ya mavuno. Tunaleta mahindi, maharage, ulezi na kuku, tunapiga mnada, tunaimba. Sijui kwa nini katika siku hiyo tusimpe nafasi yeyote anayetaka, Mfipa au Msukuma, Mkongo au Mrundi wa jana, aseme kwa kinywa chake wazazi wake walitoka wapi na Mungu aliwafikishaje. Asiyetaka, anyamaze kwa amani. Furushi ni lake. Lakini asinyamaze kwa sababu hatukumwachia nafasi kwenye benchi. Wahenga walituachia siku tatu za mgeni. Mimi naamini kanisa limepewa siku ya nne, siku ya kukaa na aliyekwisha kupokea jembe na kumwuliza, pasipo haraka, kule alikotoka walikuwa wakilima nini.